Kicheko cha Kuletewa

Kumchekesha mtu huhesabiwa miongoni mwa mema madogo ya dunia. Mchekeshaji hukaribishwa barazani, husogezewa kiti, na hata deni lake dogo husahauliwa. Pengine ndiyo sababu watu huuliza mara chache juu ya haki iliyomo katika kicheko: ni nani amchekeshaye nani, kwa makusudi gani, na aliyechekwa amepewa nafasi gani ya kujibu? Hukumu huulizwa hivyo, na zawadi huulizwa hivyo. Kicheko hupita mlangoni bila ya kupekuliwa. Swali hili laweza kupimwa vizuri katika nchi ya Bariadi, ambako kicheko kina desturi na sheria zake. Na mtu wa kupimwa kwa kipimo hicho ni mmoja ambaye hata wapenda sinema wengi hawajapata kulisikia jina lake: Meja Leslie Allen Notcutt, mtengenezaji wa filamu fupi za kufundisha zilizokolezwa hadithi na mzaha, ambaye kati ya mwaka 1935 na 1937 alifanya kazi Vugiri, katika milima ya Usambara.

Bariadi ni mji wa pamba na ng'ombe, makao makuu ya Mkoa wa Simiyu tangu mkoa huo ulipoundwa mwaka 2012. Zamani za watemi ilikuwa nchi ya Ntuzu, na serikali ya kikoloni iliiweka katika wilaya ya Maswa. Wenyeji wake, kama Wasukuma wenzao wa sehemu nyingine, wana pande mbili za ngoma, Wagika na Wagalu. Masimulizi husema kwamba pande hizo zilianzishwa na watu wawili wa karne ya 19, Ngika na Gumha, mafundi wa ngoma na wa dawa, ambao kila mmoja alidai kumzidi mwenzake na hakuna aliyekubali kuzidiwa.

Mashindano hufanywa baada ya mavuno, nafaka ikiwa ghalani na mikono ikiwa na nafasi. Makundi mawili huingia uwanja mmoja kwa wakati mmoja, kila moja na manju wake, na yote mawili huanza pamoja. Hapana jopo la waamuzi wenye kalamu. Watazamaji huenda wanakovutwa, husimama katikati wakisita, hurudi, kisha hukimbilia tena upande wa pili kukisikika kelele mpya; kundi lililozungukwa na umati mkubwa zaidi ndilo lililoshinda. Kwa ajili ya kuuvuta umati huo hutumiwa kila hila: nyimbo za kejeli juu ya wapinzani, chatu aliyezungushwa shingoni, vinyago vya mbao vinavyochezeshwa, mtu mzima aliyejigeuza fisi, mchezaji anayejitia kuanguka na jembe lake. Umati hucheka, na kicheko chake huhesabiwa kama kura.

Katika uwanja kama huo anayechekwa yupo. Anamsikia anayemcheka, na zamu yake ya kuimba i karibu. Manju wa Wagika akimwita manju wa Wagalu bahili au mwoga, hapati muda mrefu wa kulifurahia neno lake. Humrudia kabla vumbi halijatua. Naye mtazamaji, ambaye ndiye anayetafutwa na wote wawili, ana mali moja asiyoweza kunyang'anywa, nayo ni miguu yake. Akichoshwa, huondoka. Fundi mkubwa wa ngoma aweza kuachwa peke yake na ngoma zake kati ya uwanja, na fedheha hiyo ameionja zaidi ya mmoja. Mcheza kwao hutunzwa, lakini hutunzwa na watu wenye hiari ya kutomtunza.

Utani una sheria hiyo hiyo. Wasukuma na Wanyamwezi wana watani wao hata pwani, Wazaramo wakiwamo, kwa urafiki uliozaliwa katika njia za misafara. Mtani huruhusiwa kusema msibani maneno ambayo ndugu wa marehemu hawezi kuyasema, na wafiwa hucheka huku machozi hayajakauka. Ruhusa hiyo lakini ni deni, kwa kuwa siku ya msiba wake yeye naye atafanyiwa vivyo hivyo. Mtani anayetania wala hakubali kutaniwa ameuvunja utani, na kilichobaki mdomoni mwake ni matusi.

Notcutt hakuingia katika sinema kwa mlango wa wasanii. Alikuwa meneja wa shamba la mkonge katika Afrika Mashariki, na katika miaka ya 1920 lilimjia wazo kwamba sinema shambani ingesaidia kuwafanya vibarua waridhike. Wazo hilo lastahili kutazamwa kabla ya kuendelea, maana ndilo mbegu. Kibarua wa mkonge alikuwa na sababu nyingi za kutoridhika: ujira mdogo, miiba, kipande chenye siku 30 za kazi za kutimizwa, nyumbani mbali. Wasukuma wengi walizijua sababu hizo kwa miili yao, kwa kuwa walikuwa miongoni mwa manamba waliokwenda kuukata mkonge wa mikoa ya mashariki. Kicheko kilichofikiriwa kwa ajili yao hakikukusudiwa kuiondoa hata moja katika sababu hizo. Kilikusudiwa kuupitisha usiku ili asubuhi watu warudi kazini.

Baadaye wazo la meneja lilikutana na wazo la wamisionari. J. Merle Davis wa Baraza la Kimataifa la Misioni aliongoza uchunguzi juu ya maisha ya Waafrika katika migodi ya shaba ya Rhodesia ya Kaskazini, ambayo sasa ni Zambia, na kitabu cha uchunguzi huo kilitoka mwaka 1933. Ikaonekana kwamba picha zingeweza kumsaidia mtu asiyejua kusoma kuzielewa nguvu mpya zilizokuwa zikimzunguka. Shirika la Carnegie la New York likatoa fedha, na mwaka 1935 likaanza jaribio lililopewa jina la Bantu Educational Kinema Experiment. Notcutt alishika kazi ya kutengeneza picha, G. C. Latham, aliyepata kuwa mkurugenzi wa elimu ya Waafrika huko Rhodesia ya Kaskazini, alishika mambo ya elimu. Kwa muda wa miaka miwili zilitoka filamu 35 hivi.

Dunia ya sinema ilikwisha kuanza kusema tangu mwaka 1927, lakini mfuko wa Vugiri haukuweza kuufuata usemi huo. Picha zilipigwa kimya katika ukanda wa milimita 16, na maneno yakatiwa katika santuri zilizochezwa kando ya mashine ya kuonyeshea. Hila hiyo ilikuwa na faida, kwa sababu ukanda mmoja uliweza kupewa santuri ya Kiswahili hapa na ya lugha nyingine kule. Ilikuwa na mashaka yake pia: picha na santuri zikipotezana hatua moja, mtu hufungua mdomo na maneno yake humfuata nyuma kama mtoto mvivu. Kazi ya kuvichukua vyombo hivyo kwa lori tangu Septemba 1935 hata Februari 1936, katika Tanganyika, Kenya, Uganda, Nyasaland na Rhodesia ya Kaskazini, kwa barabara za wakati ule, yatosha kumpa mtu yeyote heshima ya uvumilivu, na Notcutt asinyimwe heshima hiyo.

Mfano uliopendwa na watengenezaji wa filamu za kuwafundisha Waafrika, Vugiri na kwingineko, ulikuwa ule wa watu wawili: mwerevu na mjinga. Katika filamu juu ya Benki ya Akiba ya Posta, mmoja afukia fedha zake nyumbani, na mwizi azichukua. Mwenziwe azipeleka posta na kulala usingizi. Mfano wenyewe hauna ubaya. Ngano za Kiafrika zimejaa wajinga, na watoto wamefunzwa kwa wajinga hao tangu kale. Lakini mjinga wa ngano aghalabu ni fisi, au ni mtu wa hapo zamani asiye na kijiji kinachojulikana. Mjinga wa filamu alivikwa nguo, nyumba na desturi za yule yule aliyeketi chini akitazama. Kufukia fedha kulikuwa desturi yake mtazamaji. Kuwa na ng'ombe wengi kulikuwa desturi yake. Kumwendea mganga kabla ya daktari kulikuwa desturi yake. Aliitwa aje ajicheke, na aliyemwita hakuwamo katika picha.

Hapo ndipo kipimo cha Bariadi kinapouma. Meneja wa mkonge, bwana shamba, karani wa kodi na mtengenezaji wa filamu mwenyewe walikuwa na vichekesho vyao, na vibarua walivijua sana. Kila shamba la mkonge lilikuwa na majina ya siri ya mabwana wake. Mzaha huo haukutiwa katika ukanda. Filamu ilikuwa manju aliyeingia uwanjani peke yake baada ya kuhakikisha kwamba upande wa pili umeachwa nyumbani.

Mtu aweza kujibu kwa nguvu, na jibu lake si la kupuuzwa. Safura huua. Malaria huua watoto wachanga, na Vugiri walitengeneza filamu juu ya vyote viwili. Ikiwa kicheko kidogo juu ya mjinga asiye na choo kitamfanya baba mmoja achimbe choo, na mtoto wake akaishi, kuna faida gani kuuliza ni nani aliyecheka na ni nani aliyechekwa? Choo ni choo. Mtoto aliyepona hataulizwa kama heshima ya baba yake ilihifadhiwa.

Jibu hilo lina ukweli wote isipokuwa mmoja. Mtu anayefundishwa kwa kuchekwa hujifunza mambo mawili kwa pamoja, choo na udogo wake, na mwalimu hana uwezo wa kumfundisha la kwanza na kulizuia la pili. Tena udogo huo haumwingii mtazamaji peke yake, humwingia na mwonyeshaji. Anayemtazama mwenzake mwaka baada ya mwaka katika sura ya mjinga huzoea kumwamuru bila ya kumwuliza.

Mwaka 1947, miaka 10 baada ya kazi ya Vugiri kukoma, serikali ilianzisha Mpango wa Maendeleo ya Usukuma, makao yake yakiwa Malya. Ardhi ilikuwa imechoka kweli, na mmomonyoko ulikuwa dhahiri kwa kila mwenye macho. Mkulima aliamriwa alime kwa matuta yaliyofungwa na apunguze mifugo yake, na aliyekataa aliadhibiwa. Chuki juu ya amri hizo ilikua mpaka mwaka 1958, mwaka wa machafuko ya Geita, na hatimaye serikali ikalegeza mkono. Vugiri walikuwa wamekwisha kutengeneza filamu juu ya mmomonyoko wa ardhi zamani. Haiwezi kusemwa kwamba filamu ilizaa amri. Hiyo ingekuwa kuipa filamu nguvu ambayo haikuwa nayo. Lakini filamu na amri zilimtazama mtu mmoja kwa jicho moja. Mwenye ng'ombe wa Bariadi ana sababu za ng'ombe wake: mahari ya vijana, akiba ya mwaka wa njaa, ng'ombe walioazimwa ambao si mali yake kuwauza. Sababu hizo zaweza kujadiliwa, na baadhi yake zaweza kushindwa katika mjadala. Katika kichekesho hazisikiki, kwa kuwa mjinga wa kichekesho hana sababu. Ana tabia tu.

Tofauti itaonekana zaidi akitajwa mchekeshaji mwingine wa sinema ya kimya. Charlie Chaplin alianza kuonekana katika filamu mwaka 1914, na umaskini alioucheza aliujua, kwa kuwa alipokuwa mtoto wa miaka saba huko London aliingizwa katika nyumba ya maskini. Katika filamu yake ya 1917 juu ya wahamiaji, meli inapofika New York abiria wafungiwa kwa kamba kama mifugo, na yule mtu mdogo mwenye kofia ampiga teke afisa wa uhamiaji. Kicheko hicho chapanda kutoka chini. Mtazamaji haambiwi ajicheke. Aonyeshwa mdogo kama yeye akimpunguza mkubwa kwa dakika moja. Ajabu ni kwamba Idara ya Filamu za Makoloni, iliyoundwa London mwaka 1939, ilitia vichekesho vya Chaplin katika maonyesho yake ili kuwavuta watu waje kutazama mafunzo. Mafunzo mengi yamesahauliwa. Kiswahili kinaye chale, mchekeshaji wa vituko, na sikio halikosi kulisikia jina la Charlie ndani ya neno hilo.

Wataalamu wa filamu za makoloni walishughulika sana na swali la namna Mwafrika asiyesoma anavyoona picha. Walisema aonyeshwe pole pole, bila ya hila za kamera, kitu kimoja kimoja. Kisa kinachotajwa mara nyingi, ambacho Marshall McLuhan alikieneza katika kitabu chake cha 1962, ni cha filamu ya usafi iliyoonyeshwa katika kijiji kimoja cha Afrika. Watazamaji walipoulizwa wameona nini, walisema wameona kuku. Waonyeshaji hawakujua kwamba kulikuwa na kuku; ilibidi waikague filamu picha kwa picha ndipo wakamwona akipita pembeni kwa sekunde moja. Kisa hiki kimesimuliwa kama ushahidi wa macho yasiyojua kutazama. Lakini katika Bariadi, kuku akikatiza katika kiwanja cha mtu wakati mgeni anatoa maagizo, ni kuku ambaye mgeni hakumwona ndiye atakayesimuliwa jioni. Huenda wanakijiji wale waliona kila kitu, na wakachagua wenyewe kilichostahili kutajwa.

Uhuru huo mdogo uliletwa na ukimya wenyewe. Picha isiyosema huhitaji mdomo, na magari ya sinema yalipoanza kuzunguka vijijini, mdomo ulikuwa wa mtu mwenye kipaza sauti aliyesimama kando ya mashine na kuyaeleza mambo kwa lugha ya mahali. Afisa aliyekaa nyuma hakuielewa lugha hiyo daima. Kati ya pazia na watu alisimama manju, naye alikuwa mwenyeji, aweza kuchekwa, aweza kuzomewa, aweza kusema juu ya mwerevu wa kwenye picha neno ambalo halikuandikwa London. Kazi hiyo haikufa pamoja na sinema ya kimya. Lufufu wa Dar es Salaam alijipatia jina kwa kuzitia filamu za kigeni Kiswahili chake, DJ Afro alifanya hivyo Kenya, na katika Uganda wafasiri wa filamu wana wapenzi wao kama waimbaji. Watu huenda kumsikia mfasiri. Filamu humfuata yeye.

Katika mwaka 1952 kampuni moja ya Johannesburg, ikishirikiana na serikali ya Tanganyika, ilitoa filamu ya kuchekesha iliyoitwa Muhogo Mchungu, ambamo mtu wa shamba aingia mjini na mji ukamfunza adabu. Mchezaji wake mkuu alikuwa kijana mtumishi wa idara ya maendeleo ya jamii, Rashidi Mfaume Kawawa. Alikuwa na sura na ulimi wa kuchekesha, na umma ulimpenda. Miaka 10 baadaye, mwezi wa Januari 1962, kijana huyo alikuwa Waziri Mkuu wa Tanganyika. Ni vigumu kupata mfano mwingine wa mjinga wa filamu ya kikoloni aliyetoka ndani ya pazia na kukaa katika kiti cha wale waliomtengenezea kichekesho.

Notcutt hakuyafikia mambo hayo. Katika kuyapima matendo yake ni lazima isemwe kwamba aliwaweka Waafrika mbele ya kamera katika nchi yao wenyewe wakati ambapo sinema za kigeni ziliwatumia kama miti ya msituni. Kwamba vijana wa Kiafrika walifanya kazi Vugiri katika chumba cha kusafishia ukanda. Na kwamba yeye na Latham, katika kitabu walichokitoa mwaka 1937, waliiona sinema kuwa na kazi kubwa ya kufanya katika Afrika. Hakuwa mtu wa dharau. Alimpenda mtazamaji wake kama msimamizi mwema anavyowapenda watu wake, na alitaka kusikia wanacheka. Hakupata kuwaza kwamba nao wangeweza kutaka kumcheka yeye. Labda hakuna kosa dogo kuliko hilo, wala lililoenea zaidi kati ya watu wema wenye madaraka, wa rangi yoyote na wa wakati wowote. Mikutano mingi ya maendeleo ya leo yaendeshwa kwa santuri ile ile.

Mwaka 1937 serikali za Afrika Mashariki zilikataa kuendelea kuigharimia kazi hiyo, na Vugiri kukafungwa. Kati ya filamu zake moja ilitofautiana na nyingine. Haikuwa na posta, wala kodi, wala choo. Ilikuwa ngano ya Sungura na Chui, hadithi ambayo haikuletwa na mtu yeyote kutoka ng'ambo, ambamo mdogo hana silaha ila akili na mkubwa hupatikana na aibu. Ukanda wa Vugiri uliosalia katika hifadhi ya filamu ya Uingereza ni wa filamu tatu tu: moja juu ya safura, moja juu ya mafunzo ya wasaidizi wa mifugo, na moja juu ya mashamba ya wakulima wa Kingolwira. Sungura hayumo.